Misuli Iliyosahau Kulegea

Katika ukumbi wa kiwanda cha mashati, kila mstari wa cherehani ulikuwa na kibao kimoja cha choo. Kilikuwa kipande cha mbao chenye ukubwa wa kiganja, kimetobolewa tundu na kupitishwa uzi mnene, na kilining'inia kwenye msumari kando ya meza ya msimamizi. Mshonaji aliyebanwa alikichukua, akakivaa shingoni kama medali, akatoka. Mpaka arudi na kukitundika, wenzake wote wa mstari ule walibana mapaja na kuendelea kukanyaga mashine. Mstari uliotangulia kumaliza kazi ya wiki uliruhusiwa kutoka mapema Jumamosi, na kwa wanawake wenye nguo za kufua na watoto wa kuogesha, Jumamosi hiyo ndiyo iliyowafanya wavumilie siku nyingine zote.

Mshona kola wa mstari wa dirishani hakukigusa kibao. Kola ndiyo inayokwamisha kazi. Wanaounganisha viwiliwili wanaileta kwake, wanaotia vifungo wanaisubiri kutoka kwake, na akiinuka yeye, meza za nyuma zinakaa bure. Alianza kuacha chai ya asubuhi. Kisha akaacha maji, isipokuwa funda moja la kumezea chakula cha mchana. Alipobanwa, alijikaza kuanzia mapajani hadi kitovuni, akaendelea kushona mpaka haja ikapita yenyewe. Ndipo wakampa jina la Tangi.

"Tangi, leo tena hujainuka?" mshona vifungo alimtania.

"Niinuke niende wapi, shoga? Huko chooni kuna harusi?"

"Jamani, mwenzetu ana ndoo mbili tumboni!"

"Mwacheni. Siku likifurika tutaogelea wote."

Ukumbi ulicheka, na Tangi alicheka pamoja nao bila kuinua macho kwenye sindano. Alilipenda jina lile. Miaka ilipita akiwa amelibeba, na mstari wa dirishani ulitoka mapema Jumamosi nyingi kuliko mistari mingine.

Mumewe alikuwa fundi wa kuchomelea mageti. Mashati yake yote yalikuwa na vitundu vya cheche kifuani, na mikono yake ilinuka chuma hata baada ya kuoga. Alikuwa mtu mpole, wa maneno machache. Walipooana walipanga chumba na sebule, wakanunua kitanda kabla ya kununua meza, na majirani wakawacheka kwa hilo.

Kitanda hicho ndicho kilichowashinda. Tangu usiku wa kwanza Tangi aliumia. Alidhani ni ugeni tu, na shangazi yake alipomuuliza kwa mafumbo, akamjibu kuwa mambo ni mazuri. Lakini maumivu hayakupita. Mumewe alipomkaribia ilikuwa kama anagonga ukuta, na Tangi aliuma shuka mpaka amalize, au mpaka akate tamaa. Baadaye mwili wake ulianza kujifunga mapema zaidi. Mkono wa mume ukigusa bega tu, kule chini kulikuwa kumekwisha kujifunga, kabla yeye mwenyewe hajaamua lolote. Na alipokwenda haja ndogo alihisi moto.

"Mke wangu, nimekukosea nini?" fundi alimuuliza jioni moja, wakiwa wanakula.

"Hujanikosea."

"Basi mbona nikikugusa unakuwa kama mtu anayesubiri sindano?"

"Naumwa."

"Kila siku?"

Kweli ilikuwa kila siku.

Akaenda zahanati. Akaandikiwa vidonge vya maambukizi ya mkojo, akavimaliza, moto ukabaki palepale. Akaandikiwa vingine, vikamharibu tumbo. Mara ya mwisho mumewe alimsindikiza, akakaa kwenye benchi nje ya mlango usiofunga vizuri. Daktari aliangalia majibu ya vipimo na kusema kwa sauti ya mtu mwenye foleni ndefu: "Mama, vipimo vyote safi. Huna kitu. Punguza mawazo."

Fundi alizungumza walipofika mlangoni kwao.

"Amesema huna kitu."

"Nimemsikia."

"Basi ni mimi unayenikataa." Alifungua kufuli, akasimama na ufunguo mkononi. "Mama ameniuliza kwenye simu kama nina mke au nina mpangaji."

"Ukamjibu nini?"

"Nilicheka. Lakini sitacheka siku zote."

Hakufoka. Angefoka, Tangi naye angepata pa kulilia. Alilisema lile jambo kama anavyomweleza mteja kuwa bawaba hii haitabeba geti hili, na Tangi akaelewa kuwa ndoa yake imewekewa mwisho, ila hakujua uko wapi.

Kwenye mashine ya jirani alikaa mama mmoja mnene, mcheshi, waliyemwita Mama Pacha. Tangu azae mapacha wake alikuwa akivuja. Akipiga chafya, anavuja. Akicheka sana, anavuja, na kwa kuwa alipenda kucheka, alikuja kazini na vitambaa vya akiba kwenye mkoba. Yeye ndiye aliyekimaliza kibao kwa kukivaa. Wakati wa chakula, Tangi akamnong'oneza shida yake, si yote, nusu tu: kwamba kule chini kuna kasoro na nyumba inayumba.

"Kumbe!" Mama Pacha akaangaza macho. "Mbona dawa ninayo? Kuna dada pale hospitali ya wazazi ananifundisha mazoezi. Unakaza kule chini, kama unazuia mkojo. Unashika. Unaachia. Hakuna anayekuona. Mimi nayafanya hata kwenye foleni ya mkate."

"Na yanasaidia?"

"Shoga, zamani nilikuwa bomba bovu. Sasa hivi ni la kudondosha tu. Wewe ambaye hujazaa, utakuwa sawa haraka. Mumeo atakuja nyumbani anakimbia."

Mama Pacha alitoa kwa moyo mmoja alichokuwa nacho, na Tangi alikipokea hivyohivyo. Na kwa kuwa kukaza ndiko alikojaliwa, alifanya kwa bidii ya mshona kola. Alikaza kila mguu uliposhuka kwenye kanyagio. Alikaza akisubiri basi, akipika, akilala. Ile sehemu ya kuachia aliipita upesi, kama mtu anayeruka dimbwi, maana hakuona faida yake.

Hali ikaharibika. Maumivu yaliyokuwa ya kitandani yakahamia kwenye kiti. Alishona akiwa ameegemea paja moja, kisha jingine. Choo kikubwa kikawa kazi ya jasho. Halafu mkojo wenyewe ukaanza kukataa. Yeye, ambaye hakuwahi kuomba kibao, akaanza kukiomba. Alipofika chooni hakuna kilichotoka, akarudi na kibofu kilekile, na baada ya muda mfupi akakiomba tena.

"Tangi leo ameonja maji ya bomba gani?" mshona vifungo aliuliza, na safari hii waliocheka walikuwa wachache.

Wiki hiyo Mama Pacha alikuwa na mafua. Alikohoa asubuhi nzima huku amepishanisha miguu. Mchana akanyoosha shingo kutazama msumari, akaukuta mtupu. Kibao kilikuwa shingoni mwa Tangi, na Tangi alikuwa amechuchumaa juu ya sinki la choo bila kuligusa, kama walivyofanya wote kwa sababu ya uchafu, mapaja yakitetemeka, anasubiri. Kibofu kilijaa mpaka kinauma. Alisukuma. Akafungulia bomba ili mlio wa maji umshawishi. Yalishuka matone, yakakoma.

Ukumbini, Mama Pacha aliinuka nusu, akakaa. Akainuka tena. "Msimamizi, naomba niende."

"Kibao kiko nje."

"Baba, naomba."

"Kibao kiko nje, mama. Huo ni utaratibu wenu wote."

Kikohozi kikamjia. Alijaribu kukizuia kwa ngumi mdomoni, kikamshinda, na kila kitu kikamshinda. Mkojo ulipita kwenye kiti, ukatiririka sakafuni hadi kwenye vipande vya kitambaa vilivyokatwa.

"Nani amemwaga maji?" msimamizi aliuliza kutoka mezani kwake.

Mashine zilinyamaza moja baada ya nyingine.

"Si maji," alisema mshona vifungo.

Tangi alirudi akamkuta mwenzake amejifunga sweta kiunoni, anafuta sakafu kwa mapande ya mashati. Alipiga magoti asaidie. Mama Pacha akamsukuma mkono.

"Ulikuwa unafanya nini humo? Unajenga?"

"Nilikuwa nasubiri."

"Mtu anasubiri nini chooni?"

"Mkojo. Haushuki."

Mama Pacha aliacha kufuta. Macho yake yalikuwa mekundu, na haikujulikana ni mafua au ni aibu. "Tangu lini?"

"Muda mrefu. Lakini tangu nianze yale mazoezi yako, imezidi."

"Mbona hukusema?"

"Nilidhani sijakaza vya kutosha."

Mama Pacha akatikisa kichwa. "Mimi wangu haukai, wewe wako haushuki. Muumba angetuchanganya, angalau angepata mtu mmoja mzima." Hakucheka alipolisema. Siku yake ya hospitali ilipofika, alimshika Tangi mkono wakaenda wote.

Yule dada wa hospitali alikuwa mtaalamu wa tiba ya mazoezi. Chumba chake kilikuwa na kitanda chembamba, pazia, na mfano wa mifupa ya nyonga wa plastiki uliopasuka upande mmoja. Alimwuliza Tangi maswali ambayo hakuna aliyewahi kumuuliza: anakunywa maji kiasi gani, anabana kwa muda gani, chooni anakaa au anachuchumaa, inauma wapi, nani anajua. Kisha akamweleza atakavyompima kwa kidole kilichovaa glavu, akamwambia kuwa neno "acha" likitoka, anaacha hapohapo. Tangi alilisema neno hilo zaidi ya mara moja, na kila mara mkono uliacha. Hilo peke yake lilimfanya alie.

Alipomaliza, mtaalamu akachukua ule mfano wa mifupa. "Hapa chini kuna misuli imetandazwa kama machela, kutoka mfupa wa mbele hadi kifupa cha mkia. Inabeba kibofu, mfuko wa uzazi na utumbo. Ina kazi mbili. Ya kwanza ni kukaza. Ya pili ni kulegea. Ukienda haja, ilegee. Mume akija, ilegee. Sasa kunja ngumi, uibane hasa."

Tangi akakunja.

"Usiiachie. Wewe ni mshonaji? Haya, nitungie uzi kwenye sindano kwa ngumi hiyohiyo."

"Haiwezekani."

"Misuli yako ndiyo ngumi hiyo. Na wewe mama," akamgeukia Mama Pacha, "yako ni mkono uliolegea kama mlenda. Nao hauwezi kutunga uzi. Wewe nilikufundisha kukaza kwa sababu nilikupima nikaona umelegea. Huyu amekakamaa. Kukaza kwake ni kumwongezea ugonjwa."

Mama Pacha akajishika kifua. "Mimi ndiye niliyempa."

"Ulimpa dawa ya kweli. Ila haikuwa yake."

Tangi aliuliza swali lililomkaa kooni. "Kwa hiyo nina kitu?"

"Una kitu, tena kina jina na kina tiba. Hakionekani kwenye mkojo, ndiyo maana vipimo vilikuwa safi."

Tiba ilikuwa rahisi kusema. Aache yale mazoezi. Alale chali, apandishe magoti, apumue mpaka tumbo liinuke, na pumzi inaposhuka aiache sehemu ile ishuke nayo, bila kusukuma. Anywe maji kidogo kidogo mchana kutwa. Akibanwa aende, afute sinki, akae kabisa, maana anayechuchumaa hewani amekaza bila kujua. Akae kwenye beseni la maji ya uvuguvugu jioni. Kila baada ya muda aje, ili mtaalamu amlegeze kwa mkono zile sehemu zilizokuwa ngumu kama kamba, na baadaye amfundishe kutumia vijiti laini vya kuzoesha njia ile kupanuka, kuanzia kilicho chembamba kabisa.

"Na kitandani, mpaka nitakapokuambia, hakuna kulazimisha. Kila mnapolazimisha, mwili unajifunza upya kuogopa. Mlete mume wako, nimweleze mwenyewe."

Yaani alitakiwa apewe muda na watu ambao hawakuwa na muda wa kumpa.

Alimweleza mumewe jioni hiyohiyo. Fundi alisikiliza huku akitoa vipande vya chuma kidoleni kwa ncha ya pini.

"Daktari amesema huna kitu. Huyu wako anasema tusiguse kabisa."

"Kwa muda."

"Muda gani?"

"Twende ukamuulize."

"Nikakae mbele ya mwanamke nimweleze ya chumbani kwangu?" Akainuka. Hata hivyo, kesho yake aliporudi kutoka kazini aliwasha jiko, akachemsha maji, akayachanganya kwenye beseni, akayagusa kwa kiwiko kama anayemwogesha mtoto, akaliweka beseni mlangoni na kuondoka. Alifanya hivyo jioni kadhaa. Tangi alikaa kwenye maji yale akasikia mifupa yake ikishuka. Kisha mama mkwe akaja kukaa nao, na fundi akaona haya kuonekana akimchemshia mke maji.

Kiwandani alianza kuvaa kibao, asubuhi kabla ya chakula na tena alasiri. Alibeba kitambaa cha kufutia sinki, akaketi, akapumua. Mwanzoni alikaa mpaka mlango ukagongwa. Taratibu mkojo ukaanza kushuka wenyewe, hafifu, kisha mwingi, na siku ulipotoka bila kuusubiri alitazama ukuta wa choo akihisi kama mtu aliyetoka kuombewa. Lakini kola zilichelewa, na mstari wa dirishani ukaacha kutoka mapema Jumamosi.

"Tangi limetoboka," mshona vifungo alisema, bila utani sasa. "Watoto wangu wananisubiri dirishani kwa sababu ya mkojo wa mtu mzima."

"Mwache," Mama Pacha alimjibu. "Siku ukiumwa wewe tutakuona."

"Wewe nyamaza, wewe uliyetulowesha viatu."

Msimamizi akalimaliza suala. Alimhamisha Tangi kwenye meza ya nyuma ya kukata nyuzi, kazi ya wanaoanza, ambako akiinuka hakuna anayekwama. Kola alipewa msichana mgeni, na baada ya siku chache wanawake walianza kumsifu msichana yule kwa kutoinuka kitini.

Fundi alikubali kwenda hospitali baada ya mama yake kuondoka. Alikuja akitoka kazini, miwani ya kuchomelea bado ipo kipajini, akaketi kwenye ncha ya kiti. Mtaalamu alimwonyesha mifupa ya plastiki na kumweleza yote, taratibu. Fundi hakuinamisha kichwa kama Tangi alivyoogopa. Alitazama na kufuatilia, kama anayesomewa vipimo vya geti.

"Itachukua muda gani?"

"Miezi. Pengine zaidi. Ameshaanza kusogea, lakini siwezi kukupa tarehe."

"Na atapona kabisa?"

"Wengi hupata nafuu kubwa. Nikikuahidi zaidi ya hapo nitakuwa nakudanganya."

Akashukuru, akasimama. Nje, kwenye kivuli cha ukuta wa hospitali, alivua ile miwani akaifuta kwa shati.

"Nimemwelewa," alisema. "Nilidhani ni mimi."

"Si wewe. Haikuwa wewe hata siku moja."

"Sasa najua." Aliendelea kufuta kioo kilichokwisha kutakata. "Lakini mama ameshazungumza na watu. Kuna msichana. Nimeshamwona."

"Lini?"

"Kabla ya leo."

"Basi hapa umekuja kufanya nini?"

"Nilitaka nisikie, mke wangu. Nisije nikaishi najiuliza."

"Na umesikia."

"Nimesikia. Ningesikia haya mwanzoni..." Hakumalizia. Mwanzoni hakukuwa na mtu wa kuyasema. Wote wawili walilijua hilo, na halikubadilisha kitu.

Alihama mchana, wakati Tangi yuko kazini. Alichukua nguo zake na redio, akaacha kitanda. Alilipa kodi ya miezi iliyobaki na kumwomba mwenye nyumba asimsumbue mke wake, na alisema vile, mke wangu, bila kujisahihisha.

Siku ya kliniki ilipofika, Tangi alikwenda peke yake. Alivua viatu, akalala chali nyuma ya pazia, akapandisha magoti.

"Mume hajambo?" mtaalamu aliuliza akivaa glavu.

"Ameondoka."

Mtaalamu alisita. "Tuahirishe?"

"Hapana. Tuendelee."

Lakini kidole hakikupita. Palikuwa pamefunga kama siku ya kwanza, pagumu na pa moto, na Tangi alisema "acha" hata kabla hajaguswa vizuri. Mtaalamu akavua glavu, akamfunika shuka, akaketi kando ya kitanda.

"Imerudi nyuma," Tangi alisema, akitazama dari.

"Imerudi. Hutokea."

"Miezi yote ile."

"Si yote. Mkojo unashuka?"

"Unashuka."

"Maumivu ya kwenye kiti?"

"Yamepungua."

"Basi ni hili tu lililorudi."

Machozi yalimtoka Tangi pembeni mwa macho yakaingia masikioni, na hakuyafuta. "Sasa namponea nani?" aliuliza.

Mtaalamu alimchukua mkono, akauweka juu ya tumbo la Tangi mwenyewe, chini ya mbavu, akasubiri. Nyuma ya pazia mlango ulifunguliwa, muuguzi akaita jina la mgonjwa mwingine, mlango ukafungwa. Muda ulipita kabla tumbo halijainuka. Lilipanda nusu, likakwama kwa kwikwi, likashuka.

"Haya," mtaalamu alisema. "Tuanzie hapo. Vuta tena."

Tangi akavuta.